Inferno ya 1911: hiki kichwa lazima mkione

Jamani, karibuni tena. Leo salamu fupi, maana diski hii imeninyima usingizi siku mbili. L'Inferno ya kampuni ya Milano Films ya Italia, mwaka 1911, filamu bubu, zaidi ya saa nzima. Habari za Dante, mshairi Mtaliano aliyetunga shairi la Inferno, mnazijua: kapotea msituni, kakutana na Virgilio, mshairi wa Kirumi wa kale, wakashuka motoni. Twende kwa Bertran de Born, yule mshairi anayeadhibiwa motoni kwa kugombanisha baba na mwana.

Nasimamisha hapa. Tazama. Mtu amesimama hana kichwa, na kichwa amekishika mwenyewe mkononi! Narudisha kidogo... haya, anakiinua. Umeona? Dante anasema amekibeba kama taa, na ndivyo kilivyo. Kompyuta hazikuwepo, ndugu zangu, ni kamera na mikono ya watu. Nairudia polepole. Shingo, ile shingo! Sasa huu hapa pembeni ni mchoro wa Gustave Doré, mchoraji Mfaransa, wa 1861. Ndiyo michoro waliyoifuata, linganisheni wenyewe.

Ila kuna jambo linaniudhi. Dante ametunga beti za mishororo mitatu mitatu, na kina cha mshororo wa kati ndicho kinachofungua ubeti unaofuata. Ukishaanza huna pa kupumzikia, unavutwa tu. Humu kwenye filamu yanakuja maandishi, yanakwambia utakachokiona, halafu ndiyo unakiona. Mnyororo unakatika kila dakika! Tena kwenye shairi kichwa cha Bertran kinalia ole wangu. Hapa mdomo tu. Nilikuwa nimeshaandika kwamba ni hasara. Jana usiku nimetazama mara ya nne, nimefuta. Kichwa kinachosema bila sauti kinatisha zaidi.

Halafu msichanganye na ile ya kampuni ya Helios, nayo ya 1911. Wale waliharakisha yao fupi ili wawahi sokoni kabla ya Milano Films. Ya leo ndiyo ya kutafuta.

Bei? Nimelipa shilingi 70,000 pamoja na usafiri. Ni ghali, lakini picha ni safi, unaona mpaka mikunjo ya joho la Virgilio. Muziki waliopachika sikuupenda hata kidogo, nikazima sauti, na nyinyi zimeni.

Wiki ijayo ni Die Nibelungen ya Fritz Lang, 1924, sehemu zote mbili, na kuna joka humo ninataka tulikague mguu kwa mguu. Kama hujajisajili, jisajili sasa. Haya, turudi kwenye kile kichwa mara moja zaidi, mtazame mkono wa kulia.