Ziara ya Bunge la Ontario: kiingilio bure, bundi yumo

Miaka tisa nimepita karibu na jengo la Bunge la Ontario, jimbo la Kanada, hapa Toronto, kwa treni ya chini ya ardhi nikienda kazini, sijawahi kupanda juu hata siku moja. Aliyenipandisha ni baba, padri mstaafu wa Anglikana kutoka Muheza, aliyekuja kututembelea akachoka kutazama theluji dirishani. Kanisani alikuwa amesikia kwamba padri mwenzake aliwahi kuwa mbunge humo. "Nipeleke nikaone alipokaa," akasema. Ikawa hivyo.

Ziara ni bure. Unashuka kituo cha Queen's Park, unatembea kidogo, mlangoni unakaguliwa. Mashine ilimlilia baba mara tatu: mkanda, funguo za nyumbani, na mwisho kibati cha dawa ya kuchua magoti. Walinzi walikuwa na subira naye kuliko mimi. Jengo lilifunguliwa 1893, lina mawe ya rangi ya waridi iliyopauka. Upande wa magharibi uliungua 1909 ukajengwa upya kwa marumaru, wa mashariki mbao zake bado zipo. Wapenda majengo watafurahi. Baba alikuwa akiuliza tu, "Ukumbi uko wapi?"

Ukumbi ndio unaofanya ziara hii istahili safari. Serikali upande mmoja, upinzani upande wa pili, wanatazamana uso kwa uso kama kwaya mbili. Kwenye mbao za ukutani wamechonga tai anayeutazama upinzani, ili wakumbuke kuikazia macho serikali, na bundi anayeitazama serikali, ili itawale kwa hekima. Hapo baba akanishika mkono. "Bundi? Ndani ya Bunge?" Nikamwambia huku bundi ni ndege wa busara. Akamtazama kwa muda mrefu, hakuridhika.

Padri wetu anaitwa Dennis Drainville. Aliingia humu 1990, chama cha NDP, cha mrengo wa kushoto, chini ya kiongozi wake Bob Rae, kilipopata viti 74 kati ya 130 na kuunda serikali yake ya kwanza Ontario. Yeye alichaguliwa Victoria-Haliburton, eneo la mashamba na maziwa kaskazini-mashariki mwa Toronto. Kwa hiyo alikaa upande ule anaoutazama bundi. Uchumi ukawa mbaya, hazina ikapwaya, na serikali ikaamua kufungua kasino Windsor, ng'ambo ya mto kutoka Detroit, ipate mapato na ajira. Drainville akakataa katakata. Mwaka 1993 akatoka kwenye chama, akawa mbunge asiye na chama.

Nilipofika hapo baba akanikatiza. "Kwetu ukitoka chamani, ubunge umekwisha siku hiyohiyo."

"Hapa haukwishi, baba. Kiti ni chako mpaka uchaguzi."

"Kwa hiyo akakaa?"

Hakukaa. Mwaka huohuo akauachia ubunge wenyewe, hakuna aliyemfukuza. Baba akaegemea ukingo wa jukwaa la wageni, akatazama viti vile chini bila kusema neno. Mimi nimewasikia mapadri wengi wakilaani kamari mimbarani, na nina hakika wengi ni wa kweli, ila mshahara wao hautegemei mahubiri hayo. Kasino ilifunguliwa hivyohivyo Mei 1994. Na kiti chake, kwenye uchaguzi mdogo wa mwaka huo, kilichukuliwa na Chris Hodgson wa chama cha Conservative, cha wahafidhina.

Msidhani kola ya upadri inampeleka mtu upande mmoja tu. Mwaka 1995 aliingia padri mwingine wa Anglikana, Derwyn Shea, kwa tiketi ya Conservative, akakaa mpaka 1999. Baba alipenda sana habari hiyo. "Wangekutana wakati mmoja," akasema, "Spika angehitaji maji ya baraka."

Ushauri wangu kwa anayekwenda kwa ajili ya mtu fulani: soma Hansard, yaani kumbukumbu rasmi za mijadala ya Bunge, kwanza. Ipo bure kwenye tovuti ya Bunge, unatafuta kwa jina la mbunge au kwa tarehe. Muswada wa kasino ulikuwa namba 8 wa 1993. Mimi niliisoma baada ya ziara, kwenye mgahawa wa jirani nisioutaja, tuliouziwa chai ya uvuguvugu kwa bei ya chakula cha mchana. Nilimtafsiria baba vipande vipande huku akikoroga sukari isiyoyeyuka. Ningekuwa nimesoma kabla, ningeuliza maswali ya maana kule juu badala ya kupiga picha za taa.

Natoa nyota tano. Wazee wenye magoti mabovu waende taratibu.

Njiani kurudi akauliza Drainville aliishia wapi. Nikamwambia alihamia Gaspé, Quebec, akafundisha chuo, na kuanzia 2009 hadi 2017 akawa askofu wa Quebec. Kanisa kuu lake liliwekwa wakfu 1804, kanisa kuu la kwanza la Anglikana kujengwa nje ya visiwa vya Uingereza, na lina kengele nane.

"Nane?" akauliza baba. Kituo kizima kikapita amenyamaza. "Hiyo Quebec, treni ni saa ngapi?"

Nimeomba ruhusa kazini, nasubiri jibu.