Kununua nyumba kwa mkopo Kenya: njia sita nilizozipanga kwa jumla utakayolipa na hatari zake

Dadangu ni muuguzi hapa Mombasa. Jumapili moja jioni alikuja kwangu na barua ya ofa kutoka benki. Fleti ya vyumba viwili Bamburi, bei milioni 5. Alikuwa na akiba ya milioni moja na ushei, na benki ingempa milioni 4 kwa riba ya asilimia 14, alipe kwa miaka 20. Afisa aliyemhudumia alimtajia namba moja tu: shilingi 49,741 kwa mwezi. "Nikijibana nitaweza," akaniambia. Tayari alikuwa ameshachagua mapazia.

Nikamuuliza, jumla utalipa ngapi? Hakujua, na wala barua haikusema. Ilimbidi arudi tawini mara tatu ndipo akapewa jedwali la marejesho: karatasi kadhaa zilizobanwa pini, mistari 240, mwezi baada ya mwezi. Tukasogeza sahani, tukalitandaza mezani. Mstari wa kwanza: analipa 49,741, riba inachukua 46,667, deni linapungua kwa 3,074. Nikashusha kidole hadi mstari wa 60, mwisho wa mwaka wa tano. Kufikia hapo atakuwa ametoa karibu milioni 3, na deni limebaki takriban 3,735,000. Nusu ya mkopo haiishi mpaka mwaka wa 16. Na ukijumlisha mistari yote, zile milioni 4 zinarudi benki zikiwa 11,937,800.

"Mdogo wangu," akasema, "kwa hiyo miaka mitano yote nitakuwa nalipia nini?"

Ndiyo maana naandika mwongozo huu. Wengi wetu tunanunua nyumba mara moja tu maishani, tena tunainunua kwa kuangalia namba ya mwezi, namba ambayo ni rahisi sana kuifanya ionekane ndogo. Cha kufanya ni kuirefusha miaka. Mkopo huohuo wa dadangu ukivutwa hadi miaka 25, malipo ya mwezi yanashuka hadi 48,150. Nafuu ya 1,591 kwa mwezi, halafu jumla inapanda kwa shilingi milioni 2.5. Ukiufupisha uwe wa miaka 15, unaongeza 3,529 tu kwa mwezi na unaokoa zaidi ya milioni 2.3. Ukiweza miaka 10, unalipa 62,107 kwa mwezi na jumla yake ni kama milioni 7.45.

Hizo ni hesabu za kikokotoo, unaweza kuzirudia mwenyewe kwenye simu. Zimenifundisha kwamba muda unakula pesa kuliko riba. Mkopo wa asilimia 14 kwa miaka 10 ni rahisi, kwa jumla, kuliko mkopo wa asilimia 9.5 kwa miaka 20. Soma orodha ifuatayo ukilikumbuka hilo, kwa sababu njia ya tano ukiilipa haraka inaweza kuipita ya kwanza.

1. Mkopo wa riba isiyobadilika unaotokana na KMRC

KMRC (Kenya Mortgage Refinance Company) ni kampuni iliyopewa leseni na Benki Kuu ya Kenya mwaka 2020. Haikukopeshi wewe moja kwa moja. Inazikopesha benki na Sacco wanachama kwa bei nafuu na kwa muda mrefu, nazo zinakukopesha wewe kwa riba ya tarakimu moja ambayo haibadiliki mpaka mwisho. Kwa mfano wetu wa milioni 4, miaka 20, asilimia 9.5: malipo ya mwezi ni 37,285 na jumla ni kama milioni 8.95. Tofauti na barua ya dadangu ni karibu milioni 3 kamili, kwa nyumba ileile.

Ninaiweka ya kwanza zaidi kwa sababu ya neno "haibadiliki". Nitalirudia hilo kwenye njia ya tano.

Kuna mipaka ya kiasi cha mkopo, na mipaka hiyo imekuwa ikirekebishwa, kwa hiyo uliza ya sasa. Jambo jingine: huenda afisa wa benki asikutajie mkopo huu mpaka uuombe kwa jina. Ingia, kaa, sema, "Nataka ule wa KMRC." Ukiambiwa haupo, toka uende kwingine.

2. Sacco, kwa anayejenga

Ukiwa na ploti yenye hatimiliki safi, hii ndiyo njia ambayo imewapa Wakenya wengi nyumba bila makelele. Sacco nyingi hukopesha mara tatu ya akiba yako, kwa asilimia moja kwa mwezi juu ya salio linalopungua, yaani deni lililobaki tu. Milioni 2 kwa miaka sita ni 39,100 kwa mwezi na jumla ya takriban milioni 2.8. Unajenga vyumba viwili na jiko, unahamia, unamaliza deni, unakopa tena, unapandisha kilichobaki. Kinachoifanya iwe nafuu ni ule ufupi wa muda.

Hakikisha neno "salio linalopungua" limeandikwa kwenye fomu. Asilimia 12 kwa mwaka inayopigwa juu ya mkopo wote tangu mwanzo hadi mwisho ni kitu kingine kabisa. Kwa milioni 2 hizohizo na miaka sita ileile, riba inakuwa 1,440,000 badala ya 815,000.

Kasoro zake nazijua vizuri. Unalipa kodi ya nyumba huku unajenga nyingine, saruji inapanda bei katikati ya ukuta, na wadhamini wako ni watu unaokula nao. Ukikwama, wao ndio watakaokatwa mishahara. Usimwombe mtu akudhamini kabla hujakaa naye na kumwonyesha hesabu yako yote.

3. Nyumba za gharama nafuu za serikali

Kila mwenye mshahara anakatwa asilimia 1.5, na mwajiri anaongeza kiasi hichohicho, chini ya Sheria ya Nyumba za Gharama Nafuu ya 2024. Kukatwa huko hakukupi haki ya nyumba; unajisajili kwenye Boma Yangu, tovuti ya mpango huu, unaweka akiba, unasubiri kugawiwa. Ukipata, unalipa polepole kama mpangaji anayenunua, kwa riba iliyo chini kuliko ya soko, na anayenunua nyumba yake ya kwanza chini ya mpango huu husamehewa ushuru wa stempu, ule unaolipwa umiliki unapohamishwa.

Kwa bei ya pesa tu, hii ingeshika namba moja. Nimeishusha kwa sababu huchagui vizuri mtaa, hujui utapata lini, na huwezi kuiuza bila idhini. Mtu mwenye watoto shuleni Likoni hawezi kupanga maisha kwa nyumba ambayo huenda ikatokea kwingine.

4. Benki za Kiislamu

Kwa ndugu anayejiepusha na riba, hii si ya nne. Ndiyo ya pekee, na kazi yake ni kulinganisha benki za Kiislamu zenyewe kwa zenyewe. Kuna mbinu mbili kuu. Katika musharaka, wewe na benki mnanunua pamoja, unalipa kodi ya sehemu ya benki huku ukiinunua kidogokidogo. Katika murabaha, benki inanunua kisha inakuuzia kwa bei iliyopandishwa na kutajwa wazi. Murabaha ina jambo ninalolipenda sana: jumla unaijua siku ya kwanza. Ila uliza, ukimaliza mapema utapunguziwa? Usitegemee hilo kama haki, maana mara nyingi ni hiari ya benki. Kwenye musharaka uliza kodi hupitiwa upya kila baada ya muda gani, na kwa kipimo gani.

5. Mkopo wa kawaida wa benki, riba inayobadilika

Hii ndiyo barua aliyokuja nayo dada. Riba ya mikopo hii hufuata hali ya soko, nalo hufuata kiwango cha Benki Kuu. Kiwango hicho kilikuwa asilimia 7 tangu Aprili 2020 hadi Mei 2022. Kufikia Februari 2024 kilikuwa 13. Waliokopa katika ule utulivu wakifikiri namba yao ni ya kudumu waliumia.

Tazama hesabu. Riba ya dadangu ikipanda kutoka 14 hadi 17 mwanzoni mwa mkopo, malipo yanapaa hadi 58,672 kwa mwezi. Na benki ikiamua kumwachia alipe 49,741 zilezile ili asilemewe, hali ni mbaya zaidi: riba peke yake ni 56,667 kwa mwezi, kwa hiyo analipa kila mwezi na deni linakua. Mtu anaweza kuishi hivyo mwaka mzima asijue, kwa sababu makato hayajabadilika.

Ikiwa ndiyo njia pekee uliyo nayo, ichukue, ila upigane nayo kwa kuongeza malipo. Ukilipa 55,000 badala ya 49,741, deni la miaka 20 linaisha kwa miaka 13 na miezi saba hivi, na unaokoa karibu milioni 3. Andika barua useme ziada iingie kwenye deni la msingi. Usipoandika, inaweza kukaa tu kama malipo ya mbele ya mwezi ujao. Uliza pia kama kuna adhabu ya kumaliza mapema.

6. Kununua kwa awamu kutoka kwa mjenzi, nyumba ikiwa bado mchoro

Hakuna riba, wanasema, na bei ni ya chini. Lakini unatoa pesa kwa kitu ambacho hakipo, na hati mama, yaani hati ya ardhi yote ya mradi, inaweza kuwa tayari imewekwa rehani na mjenzi kwa benki yake. Nimewaona watu wakizunguka ua wa nguzo zilizoota kutu wakitafuta "fleti yao ya ghorofa ya tatu". Kama lazima, fanya upekuzi wa hati kwenye Ardhisasa, mfumo wa ardhi wa serikali mtandaoni, au ofisi ya ardhi kabla ya shilingi ya kwanza, na wakili awe wako, asiwe wao.

Pesa ambazo haziko kwenye jedwali

Kwa nyumba ya milioni 5 mjini, ushuru wa stempu ni asilimia 4, yaani 200,000. Wakili wako atachukua takriban laki moja, na VAT juu yake, na wakili wa benki pia unamlipa wewe. Kuna mthamini, ada ya kuandaa mkopo, bima ya maisha na bima ya moto. Dada alikuwa na milioni moja na ushei, na ushei huo ulikuwa haufiki hata nusu ya hizi gharama. Bila kuziona mapema angelazimika kukopa tena kwa simu, na hapo ndipo watu huanza kuzama.

Halafu kuna za kila mwaka: ada ya kaunti, kodi ya ardhi kama hati ni ya ukodishaji, na kwa fleti, ada ya huduma ya lifti, maji na walinzi. Ada ya 5,000 kwa mwezi ni milioni 1.2 kwa miaka 20, hata isipopanda.

Upande wa nafuu: ukiishi mwenyewe ndani ya nyumba hiyo, riba ya hadi 30,000 kwa mwezi hutolewa kwenye kipato kabla ya kodi. Kwa aliye kwenye daraja la asilimia 30, hiyo ni 9,000 inayobaki mfukoni kila mwezi, mradi umpelekee mwajiri karatasi. Wengi hawapeleki. Sheria pia inaruhusu kutumia asilimia 40 ya akiba yako ya uzeeni, isiyozidi milioni 7, kununua nyumba ya kuishi. Mimi ningeigusa akiba hiyo kwa lengo moja tu, kufupisha muda. Kuitumia ili ununue nyumba kubwa zaidi ni kuwakopa watoto wako.

Na ukikwama, usijifiche simu ikilia. Sheria ya Ardhi ya 2012 inaitaka benki ikupe notisi ya miezi mitatu, kisha nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Sheria ya Benki nayo inazuia riba ya mkopo uliokwama isizidi deni lililobaki siku ulipokwama. Siku hizo ni za kwenda kuzungumza, au kutafuta mnunuzi mwenyewe, maana bei ya mnada haiwezi kufanana na yako.

Dada hakusaini ile barua. Ilimchukua miezi miwili zaidi, na mwenye fleti alianza kunung'unika, lakini Sacco yake ilikuwa miongoni mwa zinazokopesha kwa fedha za KMRC na wala hakuna aliyemwambia. Milioni 4, asilimia 9.5, miaka 15: anakatwa 41,769 kwa mwezi, na jumla ni milioni 7.5. Jedwali jipya amelibandika ndani ya mlango wa kabati la jikoni, na kila mwezi anakata mstari mmoja kwa kalamu nyekundu. Desemba iliyopita alikata mitano kwa mpigo.