Niliagiza lotasi, likaota yungiyungi

Picha ya muuzaji ilionyesha ua la rangi ya waridi limesimama juu ya maji, chini yake pameandikwa "lotasi ya akwariamu". Nikaagiza viazi vitatu vya kuotesha kwenye tangi langu la samaki, 12,000 kila kimoja. Bodaboda akaviteremsha vimeviringishwa kwenye gazeti lililoloa.

Kimoja nilipokibonyeza kidole kikazama, na harufu ikawa ya mtaro. Hicho jalalani. Viwili vilikuwa vigumu kama njugu mawe, nikavilaza juu ya mchanga bila kuvifukia, maana ukivizika kabisa vinaweza kuoza. Vikaelea siku tatu, vikazama vyenyewe. Halafu vikavaa utando mweupe kama pamba. Nusura nivitupe, ila gapi wangu, wale samaki wadogo, wakaudonoa hadi ukaisha.

Siku ya tisa likachomoza jani dogo, rangi ya damu ya mzee, lina madoadoa. Lilipotanuka nikaona lina mpasuko hadi kwenye kikonyo. Basi si lotasi. Jani la lotasi ni duara lisilo na mpasuko, kikonyo kimelishika katikati, na likikomaa husimama juu ya maji. Hili langu ni yungiyungi, tena la Afrika hii hii, ndugu yake anaota mabwawani. Sikununa sana, kwani lotasi yenyewe inataka jua la kutwa na beseni pana. Kwenye tangi la lita 60 sebuleni ingenifia.

Kazi iko kwenye majani yanayopanda. Mwezi wa pili yalifika juu, yakatanda kama sahani, chini kukawa giza na mimea mingine ikapauka. Sasa kila linalonyoosha kikonyo nalikata chini kabisa, na mmea umebaki mfupi, umejaa wekundu. Mbolea ni kidonge kimoja mchangani kila mwezi, basi.

Kiazi cha pili nilikiacha kijiachie, kwa sababu ua linataka majani ya juu. Mwezi wa tano mke wangu akaniamsha saa tano usiku: limefunguka, jeupe. Saa nne asubuhi lilikuwa limeshajifunga, na jirani niliyemwita aje kuona akanywa chai tu akaenda zake.

Muuzaji nilimwandikia kuhusu jina na kile kilichooza. Akajibu, "Ni lotasi hiyo hiyo, bosi wangu." Nitanunua tena, ila dukani, nikibonyeza mwenyewe.