Mhadhara wa Bustani ya Jeevanjee: Nililipa Kusikiliza Historia, Nikaona Mzee Akiambiwa Akae Chini

Kwa nusu saa ya kwanza nilikuwa nimekwisha kupanga moyoni sifa za mhadhara huu, na ninaanza na sifa hizo ili nisije nikadhaniwa kwamba nilikwenda kutafuta makosa. Ulifanyika jioni moja ya mvua za vuli, katika ukumbi usio mbali na Mji wa Kale, hapa Mombasa, na ulihusu historia ya Bustani ya Jeevanjee iliyo katikati ya Nairobi. Nilikwenda na mpwa wangu wa kidato cha tatu, ambaye somo la historia halimchoshi hata siku moja. Picha zilionekana vizuri ukutani, sauti ilifika safu ya nyuma licha ya kelele za pangaboi, na kijana aliyezungumza alikuwa amelisoma jambo lake. Alieleza kwamba Alibhai Mulla Jeevanjee, mfanyabiashara mzaliwa wa Karachi, aliutoa uwanja ule wa ekari zipatazo 5 uwe bustani ya watu wote mwaka 1906, na akauwekea sanamu ya Malkia Victoria, iliyozinduliwa na Duke wa Connaught, mtoto wa Malkia mwenyewe. Mpwa wangu alinigusa mkono aliposikia kwamba mwana ndiye aliyelifunua sanamu la mama yake. Nilifurahi, na nikasema fedha yangu haikupotea.

Kisha kijana akaruka. Kutoka 1906 alitua 2015, mwaka ambao sanamu hiyo ilikutwa imeangushwa na kukatwa kichwa, akatuonyesha kiwiliwili kile kwa picha baada ya picha, kana kwamba katika miaka yote zaidi ya 100 hapakutokea kingine pale ila kuwekwa kwa jiwe na kuvunjwa kwa jiwe.

Aliyesimama kuuliza alikuwa mzee wa Kibohora, jamii ya Waislamu wenye asili ya India, mwenye kofia nyeupe ya ukingo wa dhahabu, ambaye alishika kwa mikono miwili mgongo wa kiti kilichokuwa mbele yake ndipo akaweza kunyooka. Alitoa salamu kwanza. Akauliza kwa upole, kwa Kiswahili safi cha hapa Mombasa, kwa nini haikutajwa kwamba Jeevanjee alianzia mji huu, na kwa nini haukutajwa mwaka 1991. Hakuachiwa alimalize swali la pili. Kijana alisema katika kipaza sauti: "Mzee, leo tunazungumzia Nairobi. Mambo ya Mombasa yana siku yake. Kaa chini, wengine wapate nafasi." Hapakuwa na mwingine aliyeinua mkono.

Aliambiwa akae chini, mbele ya watu, na mtu wa umri wa mjukuu wake, bila ya samahani wala tafadhali. Mtoto akisema hivyo barazani kwetu, huulizwa papo hapo yeye ni mtoto wa nani. Ukumbi mzima ulinyamaza, nami nilinyamaza pamoja nao, na jambo hilo linaniuma mpaka sasa ninapoandika.

Linaniuma zaidi kwa sababu maswali yale mawili ndiyo yaliyokuwa historia yenyewe. Jeevanjee alifungua biashara Mombasa kabla ya Nairobi kuwako. Reli ilipoanza kujengwa kutoka hapa mwaka 1896, yeye alikuwa miongoni mwa waliopewa kandarasi ya kuleta vibarua kutoka India. Hapa hapa alianzisha gazeti la African Standard, akaliuza mwaka 1905, likaitwa East African Standard, na mwaka 1910 likahamia Nairobi. Mwaka huo huo wa 1905 makao ya serikali ya kikoloni yaliondolewa Mombasa yakapelekwa Nairobi. Sasa nani ataeleza kwa nini mtu aliyeanzia pwani alitoa bustani bara mwaka 1906, bila ya kueleza kilichohama mwaka mmoja kabla? Aliitoa katika nchi ambayo Wahindi walikuwa wakinyimwa mashamba ya nyanda za juu, nayo yakitengewa Wazungu, na baadaye akawa Mhindi wa kwanza kuingia katika Baraza la Kutunga Sheria. Hayo si mambo ya Mombasa yenye siku yake.

Na 1991! Wakuu wa jiji walikuwa na mpango wa kujenga pale jengo la ghorofa lenye maduka na maegesho ya magari, na Zarina Patel, mjukuu wa Jeevanjee, akasimama na wakazi kuupinga hadi ukaanguka. Ilikuwa miaka miwili tu baada ya mwanamazingira Wangari Maathai kuanza kupigania bustani nyingine ya Nairobi, Uhuru Park, mwaka 1989, nchi ikiwa bado chini ya chama kimoja, wakati ambapo kumpinga mkubwa hadharani kulikuwa na gharama yake. Watu wanaopumzika leo vitini pale, wanaohubiri na wanaojadili siasa, wanapata nafasi hiyo kwa sababu kuna waliokataa kukaa chini.

Nilipoanza kuandika nilikusudia kusema kwamba mhadhara ni mzuri, ila kijana afundishwe adabu. Naona sasa kwamba siwezi kuyatenga. Aliyeweza kumkatiza mzee ndiye aliyeweza kuwaondoa watu katika bustani akabaki na sanamu. Nilipomfuata mwandalizi alinijibu kwamba muda ulikuwa umebana, ilhali tulimaliza mapema, na kahawa na kashata zilizoandaliwa zilibaki nusu sinia. Kwa hiyo, kwa wanaouliza kama waende: picha ni nzuri, nendeni. La, msiende, mpaka watakapomtafuta mzee yule wamwombe radhi na kumpa kipaza sauti. Siku hiyo nitalipia safu nzima.

Nje tulimkuta akingoja tuktuk. Mpwa wangu alimwamkia, akamuuliza alitaka kusema nini kuhusu 1991. Mzee alitoa mfukoni bahasha ya kaki, na ndani yake mlikuwa na picha mbili alizozileta makusudi. Ya kwanza ilikuwa ya mtoto wa kaptura aliyeketi katika bustani ile na karatasi ya njugu mkononi, nyuma yake Malkia akiwa bado na kichwa chake. Mtoto huyo alikuwa yeye, alipokuwa akipelekwa Nairobi kwa ami yake wakati wa likizo. Ya pili ilikuwa ya mahali pale pale, naye amekwisha kuwa mtu mzima, amesimama katikati ya watu. Aligeuza picha chini ya taa ya barabarani ili tuuone mwaka alioandika mgongoni kwa kalamu ya wino. Tuktuk ilifika kabla hajatuambia waliosimama naye ni nani.