Futi ya buku moja, sidiria tatu mpya, na saizi yangu ya kweli

Mwangaluka wapendwa wangu! Mnaonitazama mchana, mwadila. Leo nipo nyumbani, Mabatini hapa Mwanza, juu huku kwenye mawe, na hapa mezani nina vitu vinne: futi ya fundi cherehani niliyoinunua shilingi 1,000, na sidiria tatu mpya nilizochukua sokoni Makoroboi wiki iliyopita. Vyote nimelipia mwenyewe. Na kama ni kaka au baba umefika hapa, usiondoke, maana ukitaka kumletea mkeo zawadi ya namna hii bila kujua kipimo chake, utakuwa umetupa hela.

Kwanza niwaambie kilichonisukuma. Miaka sita nimevaa 38B, yaani mkanda 38, kikombe B. Hiyo 38 niliipata wapi? Muuzaji mmoja aliniangalia kwa macho tu, juu ya koti, akasema, "Dada wewe 38." Nikalipa, nikaondoka, na toka siku hiyo kila duka nikiingia naomba 38. Nikipanda huu mlima na ndoo kichwani, nikifika juu mkanda wa nyuma umeshapanda hadi katikati ya mgongo, kamba za mabega zinakata, na huku mbele kila kitu kimeshuka. Nikawa nakaza kamba. Nikakaza mpaka zikafika mwisho. Niliamini mwili wangu ndio wenye kasoro, na hilo ndilo linaloniuma mpaka leo, kwa sababu najua wengi mnaamini hivyo hivyo.

Haya, tuanze na futi yenyewe. Hii ni ile laini ya plastiki, upande mmoja inchi 60, upande wa pili sentimita 150. Futi za namna hii zikizeeka zinavutika, na zingine hata mpya zimekatwa vibaya pale mwanzoni kwenye kile kibati. Kwa hiyo kabla hujaiamini, ipime. Chukua karatasi ya A4, ile ya kutolea kopi. Urefu wake ni sentimita 29.7. Mnaona? Naweka kibati ukingoni hapa... naifuata... inaishia chini kidogo tu ya 30. Safi, futi hii nzima. Ya zamani niliyokuwa nayo kwenye droo ilinipa 29. Yaani ilikuwa imeshavutika, na kwenye sidiria inchi moja inabadilisha herufi nzima.

Huna futi? Chukua kamba ya katani au utepe wa kitambaa usiovutika, zungusha, weka alama kwa kalamu, kisha ulaze kwenye rula ya mtoto wa shule. Uzi wa sweta usitumie, huo unavutika.

Sasa kupima. Mimi hapa nimevaa fulana kwa sababu ya kamera, ila wewe jifungie chumbani, vua, au vaa sidiria nyembamba isiyo na sponji. Simama mbele ya kioo. Kipimo cha kwanza ni chini ya matiti, pale kwenye mbavu. Zungusha futi, halafu tazama mgongoni kwenye kioo, hapo ndipo watu wengi wanaharibu: mbele futi imekaa sawa, nyuma imeshuka au imejikunja. Iwe imelala tambarare pande zote. Toa pumzi. Kaza mpaka ishike mwili, lakini uweze kuongea vizuri. Mimi napata inchi 31 na nusu. Mikanda ya sidiria inakwenda kwa namba shufwa, 30, 32, 34, hivyo napanda mpaka 32.

Kipimo cha pili ni kifuani, pale palipojaa zaidi. Hapa usikaze hata kidogo, futi iguse tu. Na usipime mara moja. Nikisimama napata 36. Nikiinama, mgongo ukawa kama meza, napata 38. Tofauti hiyo inatokea kwa sababu titi laini likisimama linalala, futi inalipita juu. Nachukua katikati: 37. Dada zangu mlionyonyesha, msiruke hiki cha kuinama, kwenu ndicho kinasema ukweli.

Hesabu sasa. 37 toa 32, inabaki 5. Kila inchi ni herufi: 1 ni A, 2 ni B, 3 ni C, 4 ni D, na 5 kwa vipimo vya Uingereza ni DD. Kwa hiyo mimi ni 32DD. Nilikaa kitandani nikarudia mara tatu. Mtaani mtu akisikia DD anafikiria mama mwenye kifua kikubwa sana, na mimi mnaniona, ni wa kawaida tu.

Na hapa ndipo naomba mnisikilize kwa makini, maana hiki hakuna muuzaji aliyewahi kuniambia. Herufi peke yake haina maana. D ya 32 na D ya 40 ni vikombe viwili tofauti kabisa. Kikombe kinakua pamoja na mkanda. Ukipanda mkanda mmoja, unashuka herufi moja, na ujazo unabaki ule ule: 32DD, 34D, 36C, 38B. Mmeiona hiyo ya mwisho? 38B! Yaani yule muuzaji kwenye kikombe alipatia. Ujazo ulikuwa wangu. Kilichokosewa ni mkanda, umezidi inchi sita nzima, na mkanda ndio unaobeba mzigo. Ukilegea, mzigo wote unahamia mabegani. Miaka sita mabega yangu yamefanya kazi ya mbavu.

Kuna wanaofundisha kwamba ukishapima chini ya matiti uongeze inchi nne. Usiongeze. Sidiria za sasa zina lastiki, zinavutika zenyewe, ukiongeza nne unarudi kulekule kwenye 36 na 38 za kupanda mgongoni.

Tuje kwenye bidhaa.

Ya kwanza, hii nyeusi ya sponji, shilingi 5,000. Lebo inasema 36/80, basi, herufi hakuna. Hiyo 80 ni namba ya mkanda kwa vipimo vya Ulaya: 70 ndiyo 32, 75 ndiyo 34, 80 ndiyo 36. Sidiria isiyo na herufi imeshonwa kwa kikombe kimoja ikitegemea sponji ijaze nafasi. Niliivaa, nikainua mikono kama naanua nguo kambani, ikapanda yote, titi likatokea chini. Siipendekezi, hata kwa 5,000.

Ya pili, hii ya rangi ya ngozi, 75C, shilingi 12,000, haina waya. 75C ni 34C, kwangu kikombe kimepungua saizi moja. Tazameni hapa juu, titi limekatika, kama kuna mstari, na ukivaa blauzi ya kubana linaonekana kama matiti manne. Lakini ushonaji wake mzuri sana: mkanda mpana, vishikizo safu tatu, kitambaa cha ndani ni pamba. Kwa joto letu hili la pembeni mwa ziwa, pamba ni msaada mkubwa, jasho halikai chini ya titi likaleta vipele. Kama wewe ni 34C, kaichukue leo.

Ya tatu ndiyo hii, 34D yenye waya, shilingi 15,000. 32DD nilizunguka Makoroboi nzima sikuipata, nikachukua dada yake wa jirani, ujazo ule ule. Sasa tuikague mwilini, kwa sababu futi inakupa pa kuanzia tu, mwili ndio unaoamua.

Sidiria mpya funga kwenye safu ya nje kabisa, ile iliyo legevu. Ukiona mpya inakaa vizuri kwenye safu ya ndani, umenunua kubwa, maana lastiki italegea kadiri siku zinavyokwenda na hutakuwa na pa kusogea. Hii yangu nimeifunga ya katikati, na nawaambia wazi kwamba hilo ni pungufu lake, kwa kuwa mimi si 34. Kisha inama, ingiza mkono, vuta titi lote kutoka kwapani liingie kwenye kikombe. Hatua hii watu wanairuka, halafu wanasema kikombe ni kikubwa. Waya uzunguke titi, usilikalie. Kile kipande cha katikati kilale kwenye mfupa wa kifua. Vidole viwili vipite chini ya mkanda mgongoni, ngumi isipite. Mwisho shusha kamba zote mbili mabegani: sidiria ikibaki mahali pake, mkanda unafanya kazi. Hii imebaki. Nimeivaa siku saba, nimepanda nayo huu mlima, haijapanda mgongoni hata siku moja.

Titi moja likiwa kubwa kuliko jingine usiogope, wengi tuko hivyo. Nunua kwa kufuata kubwa, upande mdogo fupisha kamba kidogo.

Juzi nilimpima mama yangu mdogo. Yeye anauza dagaa soko la Mwaloni, kutwa ni kuinama na kuinuka. Kaniruhusu niwasimulie. Alipovua gauni niliona mabegani mifereji miwili, kidole changu kinalala humo. Alikuwa anavaa 42 ya sponji. Chini ya matiti nikapata 37, kwa hiyo 38, kifuani 44. Tofauti 6, kwa Uingereza hiyo ni E. Tulihangaika, tukapata 40DD kwenye duka moja mjini, ghali kidogo. Jana kanipigia simu. Hakuzungumzia mabega kwanza. Alisema, "Mwanangu, hela yangu haishuki tena." Mnajua mama zetu wanapoweka hela. Siku nzima alikuwa akiisukuma juu kwa kiwiko, mikono ina dagaa.

Maswali yenu mawili ya video iliyopita. La mitumba: TBS, Shirika la Viwango Tanzania, imepiga marufuku nguo za ndani za mitumba, sidiria zikiwemo, ndiyo maana sizichambui hapa, hata kama mnaziona zimetandazwa. Na hata tukiacha afya, lastiki yake imeshatumika, unanunua mkanda uliochoka. Lingine, kama sidiria yenye waya inaleta saratani. Hapana. Utafiti uliofanyika Seattle, Marekani, ukachapishwa mwaka 2014, uliangalia hata waya na saa za kuvaa kwa siku, haukukuta uhusiano. Ila ukijipima ukagusa uvimbe, au ngozi imeingia ndani, usisubiri, nenda kituo cha afya. Hospitali ya Bugando wana huduma za saratani hapa hapa kwetu.

Ukienda kununua sema hivi, ila weka saizi zako: "Naomba 34D, kama haipo nipe 36C." Akikuletea 38 akasema ni sawa tu, mrudishie. Pima upya ukiongezeka au ukipungua uzito, ukiwa mjamzito, ukimaliza kunyonyesha. Na usijipime siku zile za karibu na hedhi kifua kimejaa.

Futi naiacha hapa mezani. Mdogo wangu wa kidato cha pili anakuja jioni, anatafuta sidiria yake ya kwanza, na safari hii hakuna mtu atakayemkisia kwa macho.