Besiboli kwa sikio: mimi, tanuri na Pittsburgh usiku wa manane

Mimi ni mwoka mikate. Kazi yangu iko Moshi, Pasua, kwenye chumba kimoja chenye tanuri la matofali, meza ndefu ya kukandia na dirisha linaloonyesha Kibo asubuhi mawingu yakikubali. Naingia saa saba na nusu usiku. Nayasema haya mapema kwa sababu maoni yangu yote kuhusu kusikiliza besiboli yanatoka kwenye mambo mawili: saa hiyo, na mikono yangu ambayo saa hiyo imejaa unga mpaka kwenye viwiko.

Mchezo wenyewe niliupatia shuleni. Alikuja mwalimu wa kujitolea kutoka Japani kutufundisha hesabu, na jioni akawa anatoa begi lenye glavu chache na fimbo mbili za alumini. Dada yangu alikuja kutazama siku moja akasema hii ni rede ya wavulana. Mwalimu alitamka "homuran", sisi tukaongeza i mwishoni, na mpaka leo mpira ukivuka uzio mimi nasema homurani. Dar es Salaam, pale Azania, kuna uwanja wa besiboli uliojengwa kwa msaada wa Wajapani, kwa hiyo nchini siko peke yangu. Pasua ndiyo niko peke yangu.

Nilianza na picha, kama kila mtu. Programu ya ligi kuu ya Marekani, MLB, hutoa mechi ya bure ya kutazama karibu kila siku ya msimu, unajiandikisha tu. Picha nzuri, sina neno. Lakini picha ya megabiti 3 kwa sekunde inakula zaidi ya GB 1.3 kwa saa, na mechi moja inakaribia saa tatu. Piga hesabu ya bando mwenyewe. Halafu mtu anayekanda hawezi kutazama. Nilikuwa nainua macho kila nikisikia kelele, na kila nikiinua macho tukio limeshapita, nimebaki na simu iliyopakwa ngano.

Ndipo nikasema nitafute redio. Nikidhani mambo ni rahisi, nikafungua matangazo ya mtandaoni ya kituo kimoja cha Marekani kinachotangaza mechi za timu ya mji wake. Mchana kutwa wachambuzi waliongea kuhusu mechi ya usiku huo. Ilipofika saa ya mechi, ghafla wakaanza kuzungumzia kitu kingine kabisa! Nilidhani nimekosea kituo. Kumbe ndivyo ilivyo: kituo kina haki ya kurusha mechi hewani kwa wenyeji wake, lakini haki ya sauti kwenye intaneti iko kwa ligi yenyewe. Kwa hiyo hewani mechi inaendelea, na wewe wa Moshi unachezewa kipindi cha akiba. Kama umejaribu ukaona hivyo, simu yako haijaharibika.

Zile programu zinazojiita "redio zote za dunia bure" sitazipotezea muda. Nilipakua moja, ikanionyesha matangazo ya kamari matatu kabla ya kutoa sauti, na sauti yenyewe ilikuwa mahubiri. Kwenye mitandao ya video nako utakuta "mubashara" kibao, ukifungua ni mechi ya gemu la kompyuta.

Kinachofanya kazi bila kulipa hata senti ni Gameday, ndani ya programu hiyohiyo ya MLB. Haina sauti wala picha ya kweli, ila kila mpira unaorushwa unaandikwa: kasi, mahali ulipopita, straiki (mpira unaohesabiwa dhidi ya mpigaji) au la, nani yuko kwenye besi, yaani vituo ambavyo mpigaji hukimbilia. Inakula data kidogo mno. Bando likibaki mabaki ya mwisho wa wiki, hiyo ndiyo uji wangu. Lakini ni ya kusoma, na tumerudi palepale pa mikono yenye unga.

Basi nikalipia sauti.

MLB wanauza sauti peke yake, na ada yake ya mwaka haifiki robo ya ada ya picha. Bei hubadilika msimu hadi msimu, kwa hiyo angalia mwenyewe kabla hujashika kadi. Unapata mechi zote za timu 30, kila timu michezo 162 bila kuhesabu ya mtoano, na unachagua usikilize watangazaji wa wenyeji au wa wageni. Baadhi zina matangazo ya Kihispania pia. Vizuizi vya kieneo vinavyowatesa watu wa picha huku kwenye sauti havipo.

Kulipa kwenyewe ndiko kulinitoa jasho. Kadi yangu ya benki ilikataliwa mara tatu. Nikaenda kwenye tawi, nikapanga foleni, dada wa kaunta akaniambia, "Kaka, kadi hii haijafunguliwa manunuzi ya mtandaoni, jaza fomu." Nikajaza. Wiki ikapita kimya. Mwishoni nikatengeneza kadi ya mtandaoni ndani ya menyu ya pesa za simu, nikahamishia hela kidogo, ikapita dakika hiyohiyo. Angalizo: malipo yanajirudia yenyewe mwaka ukitimia, kwa hiyo usiache kwenye kadi hiyo hela ya kodi ya nyumba.

Sauti ya kilobiti 64 kwa sekunde hula MB 29 hivi kwa saa. Ya kilobiti 128 hula mara mbili ya hapo. Hata ukichukua ile nzito, mechi nzima ni MB 150 na kidogo. Hela ya chapati mbili na chai.

Sasa timu. Watu huchagua timu kwa baba yao au kwa jezi. Mimi nilichaguliwa na tanuri. Msimu wa besiboli, mashariki ya Marekani iko nyuma yetu kwa saa saba, Chicago nane, Los Angeles kumi. Mechi ya Dodgers wa Los Angeles nyumbani, saa moja na dakika kumi usiku kwao, kwetu ni saa kumi na moja na dakika kumi alfajiri, muda ambao wauza chai wameshajaa mlangoni wanataka mikate. Haiwezekani. Chicago Cubs hucheza mchana mara nyingi, uwanja wao wa Wrigley haukuwa na taa mpaka 1988, na mechi ya saa saba na dakika ishirini mchana kwao inaangukia saa tatu na dakika ishirini usiku kwetu. Kwa mtu wa ofisini Moshi hiyo ni zawadi: umekula, umeoga, unajilaza na hedifoni. Mimi saa hiyo natakiwa niwe usingizini.

Pittsburgh Pirates, katikati ya wiki, huanza saa kumi na mbili na dakika arobaini jioni kwao. Yaani saa saba na dakika arobaini usiku kwetu. Nimewasha moto, nimepima ngano, nimechanganya hamira, mrushaji anarusha mpira wa kwanza. Ungedhani tulikubaliana.

Na sababu nyingine mbili nilizigundua baadaye zikanifurahisha. Mechi ya kwanza kabisa ya ligi kuu kutangazwa redioni ilikuwa ya hawahawa Pirates, tarehe 5 Agosti 1921, kituo cha KDKA, mtangazaji Harold Arlin, na waliwafunga Phillies wa Philadelphia 8 kwa 5. Ya pili: Mwafrika wa kwanza kuzaliwa barani kwetu akacheza ligi hiyo, Gift Ngoepe wa Afrika Kusini, aliingia uwanjani na jezi ya Pirates tarehe 26 Aprili 2017. Mara yake ya kwanza kushika fimbo akaupiga vizuri mpira wa Jon Lester, mrushaji wa Cubs, akafika besi ya kwanza.

Mama mwenye kiwanda, mama wa Kibosho asiyependa upuuzi, usiku wa kwanza nilipoweka simu kwenye spika aliacha kukata matonge.

"Mwanangu, huyo mzungu anapiga mnada wa nini?"

"Sio mnada, mama. Anatangaza mpira."

"Mpira gani hauna kelele?"

Nikamweleza. Akauliza timu yangu ilichukua kombe lini. Nikamwambia 1979. Akafikiri kidogo. "Mwaka tuliomtoa Amin. Na wewe katika timu zote 30 ukaiona hiyo."

Lakini swali lake la kelele lilikuwa na maana, na ndilo jibu langu kwa anayeuliza kwa nini sauti na siyo picha. Sisi tumelelewa na redio ya mpira wa miguu, akina Charles Hilary, sauti inayopanda na kushuka na mpira haipumziki. Besiboli ina mapengo. Mrushaji anajifuta jasho, mpigaji anatoka kwenye kisanduku chake anarudi. Mtangazaji wa televisheni anaweza kunyamaza hapo, wewe unaona. Wa redio hana ruhusa hiyo. Anakwambia upepo unaelekea wapi, kivuli kimefika wapi uwanjani, mpigaji huyu wiki iliyopita alifanya nini. Pat Hughes wa Cubs, ambaye namsikiliza siku zangu za mapumziko, hueleza hadi rangi ya soksi na maandishi ya jezi. Greg Brown amekuwa na Pirates tangu 1994, na timu ikishinda anatangaza bendera ya maharamia ipandishwe, maana Pirates ni maharamia. Haipandi mara nyingi sana, ila usiku akirusha Paul Skenes hata mama huuliza, "Leo ni yule kijana wa mipira ya kasi?"

Kuna faida ambayo hakuna aliyeniambia. Mwaka 2023 ligi ilimwekea mrushaji saa: sekunde 15 besi zikiwa tupu, zaidi kidogo kukiwa na mtu. Mechi zikashuka kutoka zaidi ya saa tatu hadi saa mbili na dakika arobaini hivi kwa wastani. Mechi ina iningi tisa, yaani zamu tisa za kila timu kupiga, na iningi moja ikawa dakika 18 kwa makadirio. Donge langu la boflo linaumuka kwa iningi tatu, mkate unaiva kwa mbili. Nilianza kwa utani, sasa saa ya ukutani siitazami tena. Hasara yake niliipata usiku mmoja ambapo wapinzani walipiga mpira baada ya mpira kwenye iningi ileile, wakafunga wakafunga, na mimi nimesubiri iningi iishe. Donge likamwagika nje ya beseni. Mama alinikata mshahara, na alikuwa na haki.

Kasoro? Sauti ya intaneti huchelewa, sekunde kadhaa mpaka nusu dakika nyuma ya tukio. Arifa za simu zikiwa zimewashwa, simu itatetemeka kukwambia homurani kabla mtangazaji hajavuta pumzi. Zima arifa zote. Usiweke simu karibu na tanuri, joto linaiua betri. Na umeme ukikatika mnara wa mtaa wetu hudhoofika, sauti inakatikakatika kama mtu anayeongea huku anatafuna. Hapo ndipo narudi Gameday, nanawa mikono.

Fainali ya 2025, Dodgers na Toronto Blue Jays, ambayo inaweza kufika mechi saba, nilikuwa na bando la kutosha zote, au ndivyo nilivyodhani. Mechi ya tatu kwetu ilianza saa tisa usiku wa kuamkia Jumanne tarehe 28 Oktoba. Iningi tisa zikaisha sare, kwa hiyo zikaongezwa. Mikate ikatoka. Iningi ya kumi na mbili nilikuwa kwenye baiskeli na kasha la mikate nyuma, sikio moja kwa Los Angeles, jingine kwa bodaboda. Duka la mwisho nikalimaliza, wao bado. Bando likakata. Nikanunua la saa moja palepale dukani. Freddie Freeman aliupeleka mpira nje ya uzio iningi ya 18, baada ya saa sita na dakika 39, na Moshi ilikuwa saa nne kasoro asubuhi. Nilipiga kelele barabarani peke yangu. Mtu mmoja aliniuliza kama nimeshinda mkeka.

Kesho yake ilikuwa siku ya uchaguzi, na intaneti ikazimika nchi nzima. Siku zile kulikuwa na mambo mazito kuliko mchezo wowote na sitayaandika hapa. Nasema tu kwamba mechi ya saba, usiku wa kuamkia tarehe 2 Novemba, saa tisa, nilikanda kwa kusikiliza kuni.

Mtandao ulipoanza kurudi tarehe 3, sikugusa ukurasa wowote wa habari za michezo. Ada ya sauti inakuachia mechi zilizopita mle ndani, ila uwe mwepesi wa jicho, maana matokeo yameandikwa pembeni. Nilifunika nusu ya kioo kwa kidole gumba mpaka nikabonyeza. Usiku ule nikaweka simu kwenye rafu mbali na moto, Toronto wanaimba wimbo wa taifa, mimi napima hamira.

Mama akaingia, akavua kanga ya baridi, akasikiliza kidogo.

"Leo nani anashinda?"

"Imekwisha tangu juzi, mama. Usiniambie, sijui bado."

"Nikuambie nini mimi?" akasema, akavuta beseni lake. Iningi ya kwanza ikaanza.