TAHADHARI: Fundi wa "kontrol boksi" (kompyuta ya injini) anayezunguka Tanga mjini na mashine ya kupimia magari

Wana Tanga, hasa nyie wenye pikapu za mizigo, someni hii kabla hamjamfungulia mtu boneti. Kuna jamaa anazunguka gereji bubu za Ngamiani na kule Kange, ana tableti ya kupimia magari. Amenila shilingi 780,000 za machungwa ya Muheza.

Hilux yangu ilianza kutetemeka ikiwa imesimama. Ukikanyaga mafuta inatulia, ukiachia inatikisika mpaka kwenye kioo cha pembeni huoni kitu, na harufu ya petroli inaingia ndani. Taa ya injini ikawaka kwenye dashibodi. Fundi wangu wa siku zote hayupo sasa hivi, kwa hiyo nikaelekezwa kwa huyu.

Akachomeka waya chini ya usukani, akasubiri, akanigeuzia kioo. Maandishi mekundu: P0303. Nikapiga picha nimtumie kaka. Jamaa akanyamaza kidogo, kisha akasema kwa sauti ya chini: "Mzee wangu, kontrol boksi imekufa. Ukiendelea hivi injini inanoki."

Na niseme kwa nini nilimwamini, maana shemeji ameshaanza maneno yake. Kupima hakunidai hata senti. Salamu zote kamili, akamtaja fundi wangu kwa jina na kumsifia. Akapiga simu duka la spea Dar mbele yangu, sauti nje, na mtu wa upande wa pili akataja milioni moja na laki mbili. Huyu akambembeleza kwa ajili yangu, "huyu ni mzee wangu, ana familia," mpaka ikashuka 780,000. Mashine imeandika, muuzaji nimemsikia kwa masikio yangu, punguzo limepatikana. Nani hapo angekataa? Nikatuma. Jina lililotokea kwenye simu lilikuwa la mwanamke, akasema ni mhasibu wa duka.

Boksi likaja na basi, limefungwa nailoni. Nililishika kwa mikono yangu hii. Adhana ya Alasiri ikasikika, akaniambia, "Nenda kaswali mzee, ukirudi nimemaliza." Nimerudi, gari linanguruma laini, taa imezima. Nikampa na ya soda juu. Wallahi nikikumbuka alivyoipokea ile soda kwa mikono miwili, damu inachemka.

Natoka Muheza na mzigo, nafika Pongwe, mtikisiko ule ule.

Mzee mmoja fundi wa Makorora ndiye aliyenifumbua macho. Alifungua nyuma ya kisanduku cha dashibodi, akamulika tochi. Nati zinazoshika kontrol boksi zina kutu, vumbi limegandiana mpaka kwenye pembe zake, hazijaonja spana tangu gari litoke Japani. Boksi ni lile lile! Lile la nailoni liliondoka na mwenyewe.

Kisha akaangalia ile picha niliyopiga. P0303 maana yake silinda ya tatu inamisi, yaani mafuta hayawaki humo sawasawa, basi. Namba ya mwisho ndiyo silinda: P0301 ya kwanza, P0304 ya nne, na P0300 ni misi isiyokaa silinda moja. Akahamisha koili ya tatu, kile kifaa kinachopeleka umeme wa cheche kwenye plagi, kwenda silinda ya pili na ya pili kwenda ya tatu, akafuta kumbukumbu ya hitilafu, akawasha, mashine yake ya kupimia ikasoma P0302. Hitilafu imehama na koili, kwa hiyo koili ndiyo mbovu. Angeona bado P0303 angehamia kwenye plagi, kisha nozeli zinazonyunyiza mafuta, kisha kupima mgandamizo wa silinda. Kazi ya muda mfupi tu, na koili moja!

Sikilizeni sasa lililoniumiza zaidi. Zangu zote nne zilikuwa za kiwandani. Mzee akazitoa moja moja, mbili si zangu, plastiki imepasuka na kuzibwa kwa gundi nyeusi. Yule mwizi alitoa ile mbovu, akapachika ya gundi ishike siku chache, na palepale akaniibia nyingine nzima. Huenda sasa hivi iko kwenye gari la mmoja wenu.

Mtu huyu afungwe. Anyang'anywe ile tableti, arudishe pesa za watu, na wenye gereji wanaompa kivuli cha kufanyia kazi nao wahojiwe. Tusiishie kulaani vibarazani halafu kesho anahamia Korogwe anaanza upya.

Ni kijana mrefu, ovaroli ya bluu isiyo na hata doa la grisi, pikipiki nyekundu. Risiti hatoi. Pesa inakwenda kwa jina la mtu mwingine. Atakuondoa wakati wa kufunga spea, usikubali, na spea kuukuu idai ubaki nayo. Kama gari linatetemeka na taa haijawaka, muulize kwanza habari za maunting, zile raba zinazobeba injini, uone atajibu nini.

RB ya polisi ninayo, na picha ya kioo ninayo na muamala ninao. Aliyeibiwa naye anitafute inboksi tuongozane polisi Jumatatu asubuhi, aje na spea zake.